Plagini kuukuu hazina kosa. Kosa ni mahali tunapohifadhia nyimbo

Juni 2025 Apple ilitangaza kwamba macOS 26 ndilo toleo la mwisho litakalokubali kompyuta zake zenye prosesa za Intel. Pamoja na hilo ilisema kwamba Rosetta 2, ile programu inayotafsiri maagizo ya Intel ili prosesa mpya za Apple ziyaelewe, itakuwapo kikamilifu hadi macOS 27, kisha ibaki sehemu yake ndogo kwa ajili ya michezo ya zamani. Kwa watumiaji wengi hiyo ilikuwa habari ya kupita. Kwa prodyuza ambaye bado anategemea sintesaiza (ala ya kutengeneza sauti kwa kompyuta) iliyotengenezwa kwa ajili ya Intel, na ambayo mtengenezaji wake hajaigusa kwa miaka mingi, ilikuwa kama kusomewa siku ya msiba. Ushauri ukaanza kumiminika, nao ukagawanyika mara mbili. Kuna wanaosema tupa plagini zote za zamani, yaani zile programu ndogo za sauti zinazochomekwa ndani ya programu ya kurekodia, nunua mpya, endelea na maisha. Na kuna wanaosema usisasishe chochote, kata intaneti, baki na kompyuta hiyohiyo mpaka itakapokufa. Nadhani pande zote mbili zinajibu swali ambalo si lenyewe. Plagini ya zamani ni chombo halali cha kazi leo kama ilivyokuwa siku ilipotoka. Kinachotuponza ni kuifanya ghala: tunaiacha sauti ya wimbo iishi ndani ya plagini, kama maelekezo tu, tukiamini kwamba kila tutakaporudi tutaikuta ikitusubiri.

Historia yenyewe inaonyesha kwamba imani hiyo haikuwahi kuwa na msingi. Kampuni ya Steinberg ilileta VST, mfumo wa kuunganisha plagini na programu ya kurekodia, mwaka 1996, na kwa mara ya kwanza mtu mwenye kompyuta ya kawaida akaweza kuchomeka mwangwi au kompresa ya mtengenezaji mwingine ndani ya programu yake ya kurekodia. VST 2 ilipokuja mwaka 1999 ikafungua mlango kwa ala nzima za muziki, si vichujio vya sauti peke yake. Miaka kumi iliyofuata ilikuwa ya neema: watu binafsi wakitengeneza sintesaiza vyumbani mwao na kuzigawa bure, nyingi zikiwa za biti 32 kwa sababu ndizo kompyuta zilizokuwapo. Kisha ardhi ikaanza kuhama. Mwaka 2013 programu za kurekodia Logic Pro X na Pro Tools 11 ziliingia zikiwa za biti 64 tu, na Pro Tools ikaacha kabisa mifumo yake ya plagini ya RTAS na TDM na kushika AAX. Mwaka 2018 Ableton Live 10 ikafuata. Mwaka 2019 macOS Catalina ikakataa programu yoyote ya biti 32, iwe ya muziki au ya hesabu za duka. Mwaka uliofuata zikaja prosesa za M1 za Apple. Kila mara kulikuwa na kilio kilekile, na kila mara watu wakadhani hilo ndilo wimbi la mwisho.

Hapa kuna jambo ambalo huelezwa kwa haraka mno, na kwa kutolielewa watu hulaumu kisichostahili lawama. Plagini haichakai. Ni maagizo ya hesabu, na hesabu iliyotoa jibu fulani mwaka 2004 itatoa jibu lilelile leo ikipewa namba zilezile. Kinachobadilika ni vitu vinavyoizunguka: aina ya prosesa, mfumo endeshi, lugha ambayo plagini na programu mama (ile ya kurekodia) huzungumza, maktaba za kuchorea dirisha lake, na seva inayoulizwa kama mwenye kompyuta ana haki ya kuitumia. Kimoja tu kati ya hivyo kikikatika, plagini haifunguki, ingawa ndani yake hakuna kilichoharibika. Mara nyingine kinachokatika si teknolojia hata kidogo. Oktoba 2018 Steinberg iliacha kutoa zana za kutengenezea VST 2, na watengenezaji wapya ambao hawakuwa wamesaini mkataba mapema wakabaki bila njia halali ya kutengeneza plagini za aina hiyo. VST 2 haikuwa imeshindwa kazi. Iliondolewa kwa karatasi. Baadaye Bitwig na u-he wakaleta CLAP, mfumo mwingine wa plagini, mwaka 2022 kwa leseni huria, na mwishoni mwa 2025 Steinberg yenyewe ikaiachia VST 3 kwa leseni ya MIT. Anayesema plagini za zamani zinakufa kwa uzee anaisamehe mikataba isiyostahili kusamehewa.

Sasa tuingie ndani ya faili la mradi, maana hapo ndipo kiini kilipo. Unapobonyeza kuhifadhi, programu yako inaandika noti, mahali pa kila kipande cha sauti, mistari ya sauti kupanda na kushuka, na mpangilio wa chaneli. Kwa kila plagini inaandika mambo mawili: kitambulisho chake, na kifurushi kilichofungwa ambacho plagini imekikabidhi. Ndani ya kifurushi hicho ndimo zimo namba zote ulizokesha ukizirekebisha: mahali kichujio kilipofunguka, mwendo wa mawimbi, urefu wa mwangwi. Programu mama haijui kusoma kifurushi hicho. Inakitunza kama tarishi anavyobeba bahasha, na siku ukirudi inamrudishia mwenyewe ili aifungue. Mwenyewe asipokuwapo, bahasha ipo, barua imo ndani, na hakuna kiumbe anayeweza kuisoma. Kibaya zaidi, hata akija ndugu yake hataruhusiwa. VST 2 hutambulishwa kwa herufi nne, VST 3 kwa kitambulisho cha biti 128, kwa hiyo mtu mwenye toleo la VST 3 la plagini ileile anaweza kufungua mradi wa zamani akaambiwa plagini haipo. Inawezekana mtengenezaji kuunganisha vitambulisho hivyo viwili ili jipya lichukue nafasi ya la zamani. Njia ipo na inajulikana. Wengi waliifuata, wengi hawakujali.

Nimewahi kupatwa na hali hiyo mara moja, na iliniuma kiasi cha kunibadilisha. Mwimbaji alirudi baada ya miaka mingi akitaka miksi mpya ya wimbo wake. Mradi ulifunguka vizuri, noti zote zikiwa mahali pake, sauti yake ikiwa safi, na chaneli ya sintesaiza iliyobeba wimbo mzima ikiwa kimya. Kampuni iliyoitengeneza ilikuwa imekwisha kufungwa. Nilikuwa na kila kitu isipokuwa sauti yenyewe.

Wanaotaka plagini za zamani ziachwe wana hoja nzito, na si haki kuzipuuza. Plagini ya biti 32 haiwezi kufikia zaidi ya gigabaiti 4 za memori, na kwa ala zinazopakia sampuli nyingi hilo ni pango dogo. Pia plagini huendeshwa ndani ya tumbo la programu mama: ikifanya kosa, kwa kawaida huzimika na mwenyeji wake, pamoja na dakika arobaini za kazi ambazo hukuwa umezihifadhi. Kuna suala la dirisha lake kuonekana dogo kama stempu kwenye skrini za leo, na hilo si jambo dogo kwa macho ya mtu anayekaa studio saa kumi kwa siku. Na kuna usalama, ambao ndio hoja yao ninayoiheshimu kuliko zote. Plagini ni programu kamili yenye ruhusa zilezile ulizonazo wewe kwenye kompyuta yako. Anayetafuta kwenye kurasa zisizojulikana kisakinishi cha kampuni iliyofungwa muongo uliopita anaingiza nyumbani mgeni asiyemjua. Lakini tazama hatari hiyo inatoka wapi: inatoka kwa mtu wa tatu aliyekipakia upya kisakinishi hicho, si kwenye umri wa plagini. Kisakinishi ulichokipata kwa mtengenezaji mwenyewe ukakiweka kwenye diski yako hakijageuka kuwa sumu kwa kukaa.

Hoja yao dhaifu kabisa ndiyo inayorudiwa zaidi: kwamba plagini mpya zina sauti bora, kwa hiyo hakuna kinachopotea. Hii inachanganya usahihi na uzuri. Ni kweli kwamba plagini nyingi za zamani za kupasua au kukoleza sauti hazikufanya hesabu zake kwa kasi iliyozidishwa, kwa sababu prosesa za wakati ule zisingehimili. Ukirekodi kwa sampuli 44,100 kwa sekunde, mawimbi yoyote yanayozalishwa juu ya hezi 22,050 hayana pa kwenda. Hukunjwa na kurudi chini, yakisikika kama ukali mwembamba usiolingana na noti. Plagini za leo huzidisha kasi mara mbili, nne au nane ili kuondoa ukali huo. Kitaalamu ni maendeleo. Lakini kuna nyimbo ambazo ukali huo ndio uliozifanya zipenye kwenye spika ndogo na zikae kichwani. Mashine ya sampuli ya E-mu SP-1200 ya mwaka 1987 ilirekodi kwa biti 12 na sampuli zipatazo 26,000 kwa sekunde, kipimo ambacho leo hakuna mhandisi angekikubali, na bado watu wanaitafuta kwa ajili ya mchanga ule ule uliokuwa kasoro. Hakuna anayemwambia mpiga gitaa atupe gitaa la zamani kwa kuwa viwandani sasa kuna mbao zilizonyooka zaidi. Plagini nayo ni ala, na fundi aliyeizoea kwa miaka kumi na mitano anajua pa kuigusa bila kufikiri. Ujuzi huo wa mkono haununuliwi pamoja na toleo jipya.

Isitoshe, kusasisha nako hakulindi kumbukumbu. Toleo jipya la plagini ileile linaweza kusoma kifurushi cha zamani na kutoa sauti tofauti kidogo, kwa kuwa mtengenezaji amerekebisha kichujio au amebadilisha jinsi viwango vinavyopangwa. Miksi inafunguka bila onyo lolote, kila kitu kinaonekana sawa, na wimbo si ule. Mimi naogopa hali hii kuliko ukimya. Chaneli iliyonyamaza inakuambia kuna tatizo. Iliyobadilika kwa asilimia tano inakudanganya.

Upande wa pili nao, wa wale wasiotaka kugusa kitu, una zana nzuri kuliko watu wanavyodhani. Windows bado inaendesha programu za biti 32. Huko jBridge imewasaidia watu kwa miaka mingi kuchomeka plagini za biti 32 ndani ya programu za biti 64, na FL Studio na Reaper zina madaraja yao wenyewe. Bitwig huiweka plagini kwenye chumba chake pembeni, ikianguka isiuangushe mradi. Reaper nayo inaruhusu hivyo ukichagua. Kwenye Linux, yabridge huendesha plagini za Windows kwa msaada wa Wine, na mara nyingine huzitunza zile za zamani vizuri kuliko Windows mpya. Kwenye kompyuta mpya za Apple, Logic huweza kufungua plagini za Intel pembeni huku yenyewe ikiendelea kwa kasi yake ya asili, wakati baadhi ya programu nyingine hulazimika kuendeshwa nzima chini ya Rosetta. Hata baadhi ya matatizo ya zamani yamepungua yenyewe: zile plagini zilizokuwa zikiilemea prosesa sauti inapofifia kuelekea sifuri, leo kwa kawaida programu mama inalizima tatizo hilo kabla hujaliona. Kwa mtu anayetengeneza wimbo leo, na anayeumaliza mwezi huu, sioni sababu ya kumkataza kutumia daraja lolote kati ya haya.

Ila daraja linasimama kwa nguvu za kingo zake. Sound Radix walitengeneza 32 Lives, iliyofufua plagini za biti 32 kwenye Mac, na ilifanya kazi ipasavyo hadi Catalina ilipoondoa biti 32 zote. Siku hiyo daraja na kilichovuka juu yake vilizama pamoja. Rosetta inaelekea hukohuko. Na kuhusu kuitunza kompyuta nzima kama jumba la makumbusho, nawaelewa wanaofanya hivyo, lakini wanaahirisha tu. Diski huchoka, betri huvimba, vifaa vya kuunganishia sauti hupoteza programu zake, na siku kompyuta ikikataa kuwaka utahitaji kusakinisha upya, ndipo utakapokumbuka seva ya leseni.

Hapo kwenye leseni ndipo nadhani mjadala mzima ulipaswa kuanzia. Tunagombana kuhusu biti na prosesa, huku plagini nyingi zikizimwa na kitu rahisi zaidi: hakuna tena wa kuuliza kama umelipa. Mei 2025 Steinberg ilifunga huduma za eLicenser, mfumo wa kidude cha USB ambao kwa miaka mingi ulibeba leseni za Cubase na za watengenezaji wengine. Waliohamishiwa kwenye mfumo mpya wako salama. Mwenye bidhaa ambayo haikuhamishwa anabaki na kidude mkononi asichoweza tena kukisajili wala kukibadilisha kikiharibika. Camel Audio ilifungwa Januari 2015 baada ya kununuliwa na Apple. Sintesaiza yake Alchemy ikaingizwa ndani ya Logic, na waliokuwa wakiitumia kwenye Windows wakabaki na nakala isiyo na mwenyewe. Native Instruments iliiondoa sintesaiza yake Absynth sokoni mwaka 2022, baada ya miaka zaidi ya ishirini, ingawa iliirudisha mwishoni mwa 2025. Wahenga walisema cha kuazima hakisitiri maungo, na leseni ya plagini, hata ukiilipia bei yote, ni cha kuazima. Sisemi watengenezaji ni wezi. Biashara ya plagini ni ndogo, na kuitunza programu ya zamani kwa ajili ya kila mfumo mpya ni gharama isiyorudi. Nasema tu kwamba mnunuzi ajue anachokinunua.

Ukilikubali hilo, namna ya kufanya kazi inabadilika, na mabadiliko yenyewe hayana gharama kubwa. Sauti ya sintesaiza ikishakuridhisha, itoe kuwa faili la sauti la WAV siku hiyohiyo, kabla hujaenda kulala. Itoe mara mbili: moja ikiwa na mwangwi na vichujio vyote jinsi inavyosikika kwenye miksi, nyingine ikiwa kavu, ili atakayefanya miksi upya awe na nafasi ya kuamua. Faili lianze mwanzo kabisa wa wimbo, hata kama ala inaingia dakika ya tatu, ili yeyote atakayelifungua kwenye programu yoyote alipange bila kubahatisha. Weka na faili la MIDI la noti, kwa kuwa MIDI imekuwapo tangu mwaka 1983 na bado kila programu inaisoma, kama ambavyo WAV ya mwaka 1991 inasomeka mpaka leo. Andika jina la plagini na namba ya toleo lake, kisha piga picha ya dirisha lake. Picha hiyo inaonekana kama utoto, lakini kama umewahi kujaribu kuijenga upya sauti kwa sintesaiza nyingine ukiwa huna hata mpangilio wa vitufe vya ile ya kwanza, unajua thamani yake. Wahandisi wa studio kubwa hawatashangaa: kitengo cha maprodyuza na wahandisi cha Recording Academy kimetoa kwa miaka mingi mapendekezo ya makabidhiano yanayotaka mafaili ya sauti yaliyounganishwa yawepo, si mradi wa programu peke yake. Kilichokosekana ni sisi wa studio ndogo kuona kwamba mapendekezo hayo yanatuhusu zaidi kuliko wao, kwa sababu wao wana watu wa kuwafufulia mitambo ya zamani na sisi hatuna.

Kuna pingamizi la kweli hapa. Faili la sauti halibadiliki. Ukitaka kushusha noti moja au kufungua kichujio zaidi, umechelewa. Baadhi ya maprodyuza wanaona kufanya hivyo ni kujifunga mapema. Nami nakubali kwamba kuna hasara. Lakini anayehifadhi mradi bila sauti hajaiweka wazi milango ya baadaye kama anavyodhani. Ameweka ufunguo mikononi mwa kampuni ambayo huenda isiwepo. Na hakuna anayemlazimisha kuchagua. Mradi ubaki, na sauti ibaki kando yake. Nafasi ya diski inayohitajika ni ndogo kuliko ile inayomezwa na maktaba moja ya sampuli za piano.

Kwa wenye Mac, muda uliobaki wa Rosetta unapaswa kutumika kwa kazi hiyo hasa. Fungua miradi ya zamani wakati plagini zake bado zinafunguka, anza na ile yenye ala za watengenezaji walionyamaza, toa sauti, kisha nenda kwa inayofuata. Ni kazi ya kuchosha, jioni nyingi mfululizo, na utakutana na baadhi ambazo tayari zimenyamaza.

Watengenezaji nao wana lao. Kuunganisha kitambulisho cha VST 2 na cha VST 3 ni kazi ya kiasi, inayookoa miradi ya maelfu ya saa. Kubakiza hali ya zamani ndani ya toleo jipya, ili kifurushi cha zamani kitoe sauti ileile, ni heshima kwa walionunua mapema. Na kwa kampuni inayofunga bidhaa au inayofunga milango, ombi langu ni moja: toleo la mwisho lisilouliza seva yoyote, litumwe kwa kila aliyelipa kabla taa hazijazimwa. Msimbo wa kuondoa ukaguzi huo ni wao, wateja wao wanajulikana kwa barua pepe, na kinachobaki ni kuamua kufanya hivyo wakati bado kuna mtu ofisini mwenye nywila.